Ganda la Ndimu Usilitupe: Biskwi za Malupango ya Kolwezi

Ndugu musomaji, ukitoka Lubumbashi kwenda Kolwezi kwa barabara, beba uvumilivu wako. Mpaka Likasi ni kilometa karibu 120. Kutoka Likasi mpaka Kolwezi ni zingine karibu 180. Njiani utapishana na makamyo yenye kubeba shaba na kobalti, mustari murefu, yanaelekea Kasumbalesa kwenye mupaka wa Zambia. Utapita Fungurume, fasi vilima vinakatwa kama mukate. Utavuka muto Lualaba. Kisha utaona udongo mwekundu, mavumbi juu ya majani, na muji wa Kolwezi uko mbele yako.

Wageni wengi wakifika huku wanatazama mashimo tu. Leo tunakualika utazame kitu kingine: malupango ya watu. Ingia katika mitaa ya zamani ya wafanyakazi wa Gécamines, kama vile Musonoi. Nyuma ya nyumba utaona mwembe, muti wa avoka, mupera, na mara kwa mara muti wa ndimu wenye miiba, ambao hakuna mutu anauangalia sana. Matunda yake yanakamuliwa juu ya samaki, ao ndani ya chai ya mutu mwenye kikohozi. Mengine yanaanguka chini na kuoza.

Mazungumzo yetu ya mwezi huu ni juu ya ule muti, na juu ya biskwi ambazo mama, baba ao kijana anaweza kupika kwa matunda yake juu ya mbabula, bila umeme. Soma mpaka mwisho, kwa maana mambo haya yanagusa pia afya ya watoto na feza ya nyumba.

MUJI WENYE USIKU WA BARIDI

Kolwezi ilianzishwa mwaka 1937, wakati wa kampuni ya Union Minière. Tangu mwaka 2015 ni muji mukubwa wa jimbo la Lualaba. Muji uko juu: ni zaidi ya metre 1,400 kupita usawa wa bahari. Ndiyo maana usiku wa Juni na Julai tunatafuta blanketi na jaketi.

Baridi hii iko na faida yake. Fasi zenye joto muchana na usiku, chungwa linaweza kuiva kabisa na ganda likabaki kijani. Fasi zenye usiku wa baridi, kijani kinaondoka na rangi ya manjano inaonekana. Kwa hiyo ukiwa sokoni, usihukumu tunda kwa rangi peke yake. Lishike mukononi: likiwa zito kuliko ukubwa wake, liko na maji. Kisha kwaruza ganda kidogo kwa ukucha: likitoa harufu kali, hilo ndilo tunda la kupika nalo biskwi.

Miti hii si ya asili ya Afrika. Ilitoka Asia, upande wa milima ya Himalaya, ikasafiri na wafanyabiashara wa Waarabu na Wareno. Chungwa tamu lenyewe ni mutoto wa wazazi wawili: mandarini na balungi. Walikutana zamani sana, na sisi tunakula urithi wao.

MALI IKO NDANI YA GANDA

Watu wa Kolwezi wanajua vizuri jambo moja: kile mutu alichotupa kinaweza kuwa bado na mali. Kwa miaka mingi viwanda vya kuoshea mawe vilitoa shaba na kumwaga mabaki yake, tope tupu, kule Kingamyambo na katika bonde la muto Musonoi. Lakini tope lile lilikuwa bado na shaba na kobalti ndani. Tangu mwaka 2018 kiwanda cha Metalkol kinalichota tena na kutoa mali iliyobaki.

Sisi katika jiko tunafanya kama wale wa zamani. Tunakamua maji ya ndimu, tunatupa ganda. Lakini maji ya ndimu yanaleta ukali tu. Harufu ile tunayoipenda inakaa katika ganda. Tazama ganda karibu: utaona vitundu vidogo vidogo. Kila kitundu ni kifuko cha mafuta. Ukitaka kuhakikisha, chukua kipande cha ganda la chungwa, kikunje mbele ya mushumaa unaowaka. Mafuta yataruka na kutoa cheche ndogo. Watoto wanafurahi sana kuona jambo hilo, lakini mukubwa awe karibu.

Mafuta haya hayapendi maji. Yanapenda mafuta mengine. Ndiyo sababu ukimimina maji mengi ya ndimu ndani ya biskwi, hupati harufu, unapata tu unga mulaini unaoshika mikono. Lakini ukichanganya ganda na sukari na margarini, harufu inashikwa, haitoroki yote katika moto. Tena fahamu hili: chini ya ganda la rangi kuna nyama nyeupe. Ile ni chungu. Unakwaruza rangi tu, na ukiona nyeupe, unageuza tunda.

VITU VYA KUTAFUTA

Kwa biskwi karibu 40 utahitaji vitu hivi:

– bunga ya ngano gramu 250 (vikombe viwili vya chai, vilivyosawazishwa juu);
– margarini ao siagi gramu 125;
– sukari gramu 100 (nusu ya kikombe);
– yai 1;
– ganda la ndimu 2, ao la chungwa 1 kubwa;
– kijiko 1 kikubwa cha maji ya ndimu;
– nusu ya kijiko kidogo cha unga wa kuumulia keki;
– chumvi kidogo, inayoshikwa na vidole viwili.

Kama hauna unga wa kuumulia, tumia bikarbonati, robo ya kijiko kidogo. Bikarbonati ikikutana na ukali wa ndimu inatoa hewa, na hewa ile ndiyo inainua biskwi. Lakini usizidishe. Fasi ya juu kama Kolwezi, hewa inatusukuma kidogo kuliko kule pwani, na keki zinapanda upesi kisha zinaanguka. Mama anayefuata kitabu kilichoandikwa Ulaya apunguze kidogo kipimo cha unga wa kuumulia.

NAMNA YA KUFANYA

Kwanza osha matunda vizuri, tutarudi kwa jambo hilo. Yapanguse yakauke. Kama hauna chombo cha kukwaruzia, chukua kopo tupu la maziwa, litoboe kwa musumari kutoka ndani, na sehemu ya nje itakuwa na meno. Lioshe na kukwaruza pole pole.

Weka ganda lililokwaruzwa pamoja na sukari katika sahani. Sugua kwa vidole dakika mbili ao tatu. Chembe za sukari zinapasua vile vifuko vya mafuta, sukari inakuwa nyevu kidogo, na harufu inajaa nyumba. Watoto wapewe kazi hii, wanaipenda.

Ongeza margarini, piga kwa kijiko cha muti mpaka iwe nyeupe nyeupe. Tia yai, piga. Tia maji ya ndimu. Sasa changanya bunga, chumvi na unga wa kuumulia pembeni, kisha mimina kidogo kidogo. Ukiona unga umeshikana, acha. Usiukande kama mukate. Ukiukanda sana biskwi zitakuwa ngumu, na babu asiye na meno atabaki kukutazama.

Funika unga, uache nusu saa mahali penye baridi. Katika miezi ya Juni na Julai, dirisha la usiku ndilo friji yako. Kisha fanya vidonge vidogo kama kichwa cha kidole gumba cha baba, vibonyeze kwa uma.

FURU YA MBABULA

Hapa ndipo wengi wanasema: «Sina furu, sina umeme.» Tunawaelewa. Jimbo la Lualaba liko na mabwawa ya umeme ya Nzilo na Nseke, yaliyojengwa katika miaka ya 1950. Tena tangu mwaka 1982 kuna waya mukubwa wa umeme kutoka Inga mpaka Kolwezi, urefu wa kilometa karibu 1,700. Lakini nia ya kazi hizo ilikuwa viwanda. Waya zinapita juu ya mapaa, na chini yake nyumba nyingi zinapika kwa makala. Basi, tupike kwa makala.

Chukua sufuria kubwa nzito yenye kifuniko. Mwaga ndani muchanga mukavu, unene wa vidole viwili. Juu ya muchanga weka mawe matatu madogo yenye kulingana. Weka sufuria juu ya mbabula yenye makala machache, funika, na juu ya kifuniko panga makala mengine yenye kuwaka. Makala ya juu yawe mengi kuliko ya chini. Hiyo ndiyo siri, kwa maana chini kunaunguza upesi kuliko juu.

Ngoja dakika 15 ao 20. Utajuaje kama moto unatosha? Weka ndani kipande cha karatasi nyeupe, funika dakika tano. Ikiwa nyeusi, moto umezidi: punguza makala. Ikibaki nyeupe, bado. Ikiwa na rangi ya mukate uliookwa, weka biskwi katika sahani ya bati iliyopakwa mafuta, uisimamishe juu ya mawe yale. Dakika 12 mpaka 15 zinatosha. Kando ziwe na rangi ya dhahabu, katikati zibaki nyeupe kidogo. Zikitoka zitakuwa laini. Usiogope, zinakauka zikipoa.

Neno moja la nguvu, mama na baba. Mbabula ikae nje, ao katika jiko lenye upepo. Usiku wa baridi watu wanaingiza mbabula ndani, wanafunga mulango na dirisha, wanalala. Makala yanatoa hewa ya sumu isiyo na harufu wala rangi. Mutu anaumwa kichwa, anasikia usingizi, na asubuhi haamuki. Biskwi wala joto la usiku mumoja havilingani na maisha ya jamaa nzima.

MAVUMBI YALIYO JUU YA TUNDA

Tumesema tutarudi kwa kuosha. Kwa kuwa sasa tunakula ganda, lazima tujue kile kinachokaa juu yake.

Mutaa wa Kasulo unajulikana sana. Mwaka 2014 habari ilienea kwamba chini ya malupango kuna kobalti. Watu walianza kuchimba ndani ya viwanja vyao, wengine ndani ya nyumba, chini ya kitanda. Mwaka 2017 sehemu ya mutaa ilibomolewa na kuzungushiwa ukuta ili ichimbwe. Mwaka 2018 watafiti wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi na wa Leuven, Ubelgiji, walitangaza matokeo ya kazi yao: watu wa Kasulo walikuwa na kobalti nyingi katika mukojo na damu kuliko watu wa mutaa wa jirani ambako hakuchimbwi, na watoto walizidi. Mavumbi ya ndani ya nyumba pia yalikuwa nayo.

Hatusemi haya ili kuwatia hofu. Tunasema ili kila nyumba ichukue hatua ndogo zinazowezekana:

– Osha tunda kwa maji ya uvuguvugu, usugue kwa burashi ao kitambaa kipya. Kisha uoshe tena kwa maji mengine safi. Maji ya kwanza yamwagwe mbali na bustani.
– Kama muti wako uko karibu na fasi wanapopondea ao kuoshea mawe, ao kando ya njia ya makamyo, acha ganda. Tumia maji yake tu, na ganda litafute kwa matunda yanayotoka mbali.
– Muchanga wa sufuria usiuchote karibu na machimbo ao katika muto unaoshewa mawe.
– Anayerudi kutoka kuchimba avue nguo na viatu nje, aoge mikono kabla ya kushika unga ao mutoto.
– Fagia nyumba kwa kitambaa chenye maji. Ufagio mukavu unainua mavumbi, kisha yanaanguka juu ya meza.

JE, BISKWI ZINALETA FEZA?

Vijana wetu watauliza hivyo, na wako na haki. Tuwajibu kwa ukweli. Siku ya bahati, gunia la mawe linaweza kuleta feza ambayo biskwi haziwezi kuleta kwa mwezi. Lakini siku ya bahati haina tarehe, na shimo linaweza kuanguka siku yoyote.

Wazazi wetu walijifunza hilo kwa njia nyingine. Katika miaka ya katikati ya 1980, Gécamines ilikuwa inatoa zaidi ya tani 400,000 za shaba kwa mwaka. Mushahara ulikuja, mposho wa bunga ulikuja, hospitali na masomo vilikuja pamoja. Septemba 1990 sehemu ya mugodi wa chini ya udongo wa Kamoto ilianguka. Kufika mwaka 1994 kampuni haikufikisha hata tani 50,000. Katika miaka ya 2003 na 2004 wafanyakazi zaidi ya 10,000 waliagwa. Katika muda ule wote, nani aliyeshika nyumba? Ni akina mama wenye meza mbele ya lupango: bitumbula, makala, chumvi ya kupima kwa kijiko, mboga. Wamoja wao walikuwa wamefundishwa kushona na kupika katika foyers za kampuni, ambazo Union Minière ilianzisha kwa ajili ya bibi za wafanyakazi. Masomo yale yalitolewa ili wawe mabibi wazuri wa nyumba. Siku mushahara ulipokatika, yaligeuka kuwa kazi.

Basi kama unataka kuuzisha biskwi, fanya hesabu mbele ya kuwasha moto. Andika katika daftari bei ya bunga, margarini, sukari, yai, makala, na vijaluba vya kufungia. Jumlisha. Gawa kwa 40. Hiyo ni bei ya biskwi moja kabla haujapata kitu. Wengi wanasahau makala, kisha wanashangaa kwa nini feza haionekani. Ongeza malipo ya mikono yako. Ndimu za lupango hazikugharimu, lakini wewe umegharimika wakati.

Zifunge kumi kumi. Ziweke katika kopo kavu lenye kifuniko. Katika kipindi cha jua zinakaa wiki mbili bila kupoteza ukavu. Wakati wa mvua hewa ni nyevu, zinalegea upesi; pika kidogo kidogo, mara nyingi. Wanunuzi hawako mbali: wanafunzi saa ya mapumuziko, watu wanaongoja basi, jirani mwenye ubatizo ao matanga, wagonjwa wa hospitali ambao hawataki kitu kizito.

Tena tusiwaachie wasichana peke yao. Kijana mwanamume anayejua kupima, kuwasha moto kwa kiasi na kushika daftari amejifunza kazi. Viwanda vya mikate havimuulizi mutu kama ni mwanamume ao mwanamuke. Vinauliza kama anajua.

MUTI AO SHIMO

Ndugu musomaji, lupango ni moja, na kile unachofanya nalo watoto watakirithi. Mutu akichimba ndani ya uwanja wake anatoa mawe mara moja. Yakiisha, anabaki na shimo, ukuta wenye ufa, na mavumbi katika chakula. Hatumuhukumu jirani aliyechimba akiwa na njaa na mutoto aliyefukuzwa masomo. Lakini wewe ambaye bado uko na fasi, fikiri mbele.

Muti wa ndimu uliopandikizwa unaanza kuzaa baada ya miaka mitatu hivi; wa mbegu unakawia zaidi. Unataka nini? Shimo la urefu wa mukono mumoja, mbolea ya majani na ya mbuzi, maji ya kuoshea mboga wakati wa kiangazi, na fensi ndogo ili mbuzi huyo huyo asiule. Baada ya hapo utakupa matunda miaka na miaka, bila kumuomba mutu ruhusa na bila kungoja bei ya kobalti ipande kule London.

Mvua za kwanza ndizo wakati muzuri wa kupanda. Kwa sasa, kama jirani yako ako na muti ambao matunda yake yanaoza chini, umuombe kikapu kimoja. Kisha, biskwi zikiiva, umurudishie sahani iliyojaa. Muna majirani wengi ambao hawajui bado kwamba ganda linalikwa.